Eda ya Mume Aliye Hai

Jumatatu, 4 Machi 1957. Shaabani mbili.
Nakuna nazi, ua umejaa watu. Wote wataka senema. Mzungu aliyepanga hapa Kinondo ana mashine moja ya picha na mkalimani mmoja. Watu wa kuigiza hana. Kaniomba nimchagulie. Nani mwingine angechagua? Nusu ya hawa nimewapokea mimi walipozaliwa. Salimu nimempa uchuuzi. Ubahili hana haja ya kufundishwa. Bi Riziki akauliza, "Na mie je, shoga?" Nikamwambia, "Wewe sokoni. Ugombe tu, kama nyumbani."

Jumatano, 6 Machi.
Leo Mzungu anataka mjane anayekaa eda. Akaninyoshea kidole mimi. Nikasema macho yaniuma. Uongo. Nilimkalia eda marehemu Athumani, aliyenifundisha herufi hizi. Sitaki kuikaa tena mbele ya mashine. Nikamtoa Mwanasha, mke wa Bakari, mkwezi wa minazi kule Mwabungo. Ana uso wa huzuni hata akicheka. Nimemvua bangili kwa mkono wangu, nikamfunika shuka nyeupe, nikamkalisha mkekani. Akalia vizuri mno. Nikajisifu.

Jumamosi, 9 Machi.
Bakari kaja. Hakuniamkia.
"Bibi, nilikufa lini?"
Nikacheka. Yeye hakucheka.
"Kila asubuhi niko juu ya mnazi, na mke wangu huku chini anakaa eda yangu!"
Kampa talaka moja. Mwanasha yuko kwa mamake, jirani yangu, anakaa eda ya kuachwa. Nilimvisha ya mchezo, imemjia ya kweli. Bangili zake zimo sandukuni mwangu. Aibu sina pa kuiweka. Mtu mzima hovyo.

Alhamisi, 14 Machi.
Nimekwenda Mwabungo. Bakari amekaa kizingitini, kamba yake ya kukwelea imetundikwa. Tangu siku ile hajakwea. Akishika mnazi, miguu yatetemeka. Hilo nalo ni langu.
"Mwanasha alinitii tu, mwanangu. Kosa ni mimi."
"Picha ipo, Bibi. Mle ndani nimekufa."
Nikaenda moja kwa moja kwa Mzungu. Mkalimani akasema picha haiharibiwi bila kupatikana mjane mwingine. Nikasema yupo.

Jumamosi, 16 Machi.
Nimevaa shuka ile ile. Nilidhani nitaigiza. Nikamwona Athumani. Mkalimani akasema, "Inatosha, Bibi." Akarudia. Mashine ikazimwa, nami bado nalia.
Kisha Mzungu akaufungua utepe wa picha ya Mwanasha juani, Bakari akitazama. Jua likaula wote, picha ikafutika. Bakari akarudi Mwabungo.

Jumapili, 31 Machi.
Mwezi ukionekana, kesho twafunga. Watu wanatakana radhi nyumba kwa nyumba. Bakari kasimama mlangoni, nyayo zimechubuliwa na magome ya mnazi.
"Shikamoo, Bibi. Nipe bangili za mke wangu."
Kasema "mke wangu". Nikazisugua kwa ndimu, nikazifunga kwenye leso, nikampa. Akashika njia ya kwa mamake Mwanasha.
Zangu, nilizovua kwa eda ya Athumani, bado zimo sandukuni. Nimezitazama kidogo, nikafunga.