Musoki Bado Anasema Redioni

Bwera, Jumapili

Shemeji Martine,

Nawasalimu nyote huko Beni. Hapa maharage yamekauka vizuri, na binti yetu Ronah sasa anajisuka nywele mwenyewe.

Barua yako imenifikia. Umefurahi kumsikia dada yako redioni akisema dawa ya miti imemponya saratani. Shemeji, keti kwanza. Musoki tulimzika wiki tatu zilizopita. Maneno yale walimrekodi siku aliyokunywa chupa ya kwanza ya dawa hiyo, kisha akaacha matibabu ya hospitali.

Tangazo la kifo nililipeleka mwenyewe kwa Jonan, mtangazaji wa redio hiyo hiyo, ili mlisikie huko, maana simu zenu hazikupatikana. Halikusomwa. Nilipomuuliza akacheka.

"Mzee, serikali imekaza siku hizi. Kila tangazo linakaguliwa."

"Na lile la dawa, si limekatazwa?"

"Lile si tangazo, mzee. Ni ushuhuda."

Nami nashuku hawawezi kusoma kifo chake asubuhi, kisha jioni wapige sauti yake akisema amepona.

Tafadhali niandikie siku na saa uliyomsikia. Nitaipeleka barua yako Kasese, kwa ofisa wa serikali anayekagua matangazo, iwe ushahidi. Mimi nashindwa kuandika siku na saa hizo. Musoki anapoanza kusema, huwa nasikiliza tu.

Shemeji yako,
Kathembo