Dunia Ikisita, Chombo Kinapita

Nyumba ya nyuma ya karakana ya mabati,
Jumapili, tarehe 9 Machi.

Mpendwa Shemeji,

Pokea salamu zetu sote. Hujambo wewe, mkeo hajambo, na watoto? Baridi ya huko imepungua, au bado mnalala na soksi? Sisi tunaendelea. Mama yenu miguu inamsumbua asubuhi, lakini akishakunywa chai anaanza kugombana na kila mtu, kwa hiyo hajambo. Binti yetu amepata kazi kwa mshonaji na anakusalimu.

Sasa salamu zimetosha. Nimekukasirikia, Shemeji, na nataka ulijue hilo mapema kabla hujaweka barua hii pembeni.

Unakumbuka ulipokuja mara ya mwisho, mchana ule kabla ya kwenda uwanja wa ndege? Ulikaa kwenye kiti cha kaka yako, umeshiba, ukamwambia, "Kaka, nijibu hili. Ninayosema sasa hivi ni uongo. Je, nasema kweli au nadanganya?" Ukacheka, ukachukua begi, ukaenda zako kufundisha mantiki chuoni kwako. Wewe ulikuwa unapoteza muda tu. Mwenzako amelibeba swali hilo miaka mitatu.

Kaka yako unamjua. Ametengeneza matangi ya maji maisha yake yote, na tangi likivuja hali chakula mpaka aone tundu. Swali lako aliligeuza kila upande asione tundu, ndipo akaja na hii nadharia yake ya vyombo vya safari.

Anasema hivi. Chombo cha kawaida, kiwe gari au ndege, lazima kipite kila mahali palipo kati ya kinakotoka na kinakokwenda. Lakini ukikiandikia ubavuni neno lisiloweza kuwa kweli wala uongo, dunia inashindwa kukiweka mahali pake. Inasita. Na dunia ikisita, chombo kinapita. Kauli hiyo ameiandika kwa chaki juu ya mlango wa karakana, na wateja wanadhani ni tangazo la biashara.

Neno dogo kama lile lako, anasema, ni la safari fupi, chumba hadi chumba. Kwa safari ndefu anataka tangi la kuwekea matangi yote yasiyojiweka yenyewe ndani. Nikamuuliza, na hilo lenyewe litakaa wapi, ndani au nje? Akanikumbatia. Shemeji, katika ndoa yetu yote sijawahi kukumbatiwa kwa sababu ya tangi.

Basi akaliunda. Karakana ilikuwa imejaa, akalichomelea sebuleni, na hakupima mlango. Fundi mzima, anayepima milango ya watu kila siku. Halitoki. Mama yenu anaanikia mashuka juu yake, na wageni tunawapitisha jikoni.

Ningeyavumilia hayo yote. Lililonishinda ni macho yake. Ana mtoto wa jicho, macho yote mawili. La kushoto linaona mwanga tu, la kulia linaona watu kama vivuli. Kazi ya karakana anaifanya msaidizi wake, yeye anagusa tu na kutukana. Daktari wa macho amempangia upasuaji tarehe 27 mwezi huu. Ni mama mmoja mkali, hana maneno mengi. Amesema ugonjwa huo ukikomaa zaidi ya hapa utapandisha presha ya jicho, na hapo hata upasuaji hautasaidia.

Na kaka yako hataki kwenda. Nimembembeleza, nimenuna, nimelia mbele yake. Anasema hawezi kwenda kulala chini ya kisu bila kujua kama miaka hii mitatu alikuwa na akili au alikuwa mjinga. Na wa kumwambia ni wewe, kwa sababu ndiye msomi wa ukoo. Wala hataki simu. Anasema jambo zito linajibiwa kwa maandishi. Hata angetaka, wewe kila ukipigiwa uko kikaoni.

Madaftari yake manne ya nadharia hiyo unayo. Posta walinionyesha sahihi yako. Ukajibu mistari minne: umeyapata, utayasoma ukipata nafasi. Huu mwaka wa pili, Shemeji. Nafasi gani hiyo isiyopatikana?

Sasa nisikilize, maana hili sijamwambia mtu. Kila wiki alikuwa akiniuliza umeandika nini. Siku moja nikachoka kumwambia hakuna. Nikachukua karatasi ya ankara ya maji, nikakaa karibu yake, nikamsomea barua yako. Niliitunga palepale. Nikasema unauliza, je, chombo kikishaingia kwenye mkinzano, kinasimamaje? Niliuliza hivyo kwa sababu mimi mwenyewe nilitaka kujua.

Ungemwona. Alitembea huku na huku akijigonga kwenye viti. Baada ya wiki mbili akanipa jibu niliandike: ng'ambo lazima awepo mtu wa kukata shauri kwamba neno lile ni kweli au ni uongo. Asipokuwepo, chombo kinabaki huko huko njiani.

Tangu hapo nimemsomea barua zako kumi na moja. Mimi niliyeacha shule mapema nimekuwa wewe, profesa, na ukweli ni kwamba maswali yangu si mabaya.

Najua unachotaka kusema, nimsomee basi na ya kumi na mbili, inayosema nenda hospitali. Ningeshamsomea. Lakini akifunguliwa macho, cha kwanza atakachotaka kukiona ni barua hiyo. Nitampa nini, ankara ya maji? Ndiyo maana naitaka kwa mkono wako. Fungua hayo madaftari. Huna haja ya kumsifu. Kama kuna kosa mwonyeshe, kosa analiheshimu. Ila asikie kwamba kaka mtu alikuwa anafikiri. Itume kwa njia ya haraka, ifike kabla ya tarehe 27.

Nimefika hapa, kaka yako ameingia akipapasa ukuta, akauliza namwandikia nani. Nikamjibu ni wewe. Akaniambia niongeze haya: "Mwambie maswali yake yamekuwa mazuri sana tangu macho yangu yaharibike. Zamani hakuwa na subira hiyo. Mwambie anayeuliza maswali hayo, nikiona tena, ndiye nitakayetaka kumtazama kwanza."

Nimeandika kama alivyosema. Sijui anajua au hajui, na siwezi kumuuliza. Kwenda hospitali bado hajakubali. Andika, Shemeji.

Msalimie mkeo, wabusu watoto, na yule mdogo mwambie bibi yake anamuulizia kila siku. Mungu awape afya, na wewe akupe nusu saa ya kukaa chini.

Akupendaye, ingawa leo amekukasirikia,
Shemeji yako.