Saa ya Kufuturu Barafuni

Mwanangu Salma,

Barua hii nimempa mwenzako anayekuja huko kwenu barafuni. Inshallah itakufikia kabla ya mwezi kuandama. Mimi mzima, na hapa Lozells, Birmingham yetu, baridi imeshaanza kutukalia.

Unaikumbuka friza yetu ya zamani, ile iliyokuwa ikiota barafu mpaka mlango haufungi? Nilichemsha maji niiyeyushe, wewe ukajibwaga mbele yake na sare zako za skuli, unalia. "Usimwage, Mama! Ya ndani ndiyo ya zamani!" Ukachimba kipande kwa kijiko, ukanionesha mistari: huu wa wiki tuliyonunua nguru, huu wa siku umeme ulipokatika. Nikasema, "Loh, mtoto huyu! Wenzako wanasoma vitabu, wewe unasoma friza." Nguru wangu wakayeyuka kwenye beseni nakusikiliza wewe.

Basi ningepaswa kujua. Lakini mwaka jana uliponiambia unakwenda ncha ya kusini ya dunia, kutoboa barafu na kupima hewa ya kale iliyofungika ndani yake, nilinuna siku nzima. Si baridi iliyonitisha. Kilichoniuma ni Ramadhani. Huko msimu huo jua halichwi kabisa, sasa mwanangu atafuturu saa ngapi, na nani? Niliogopa utazoea kukaa bila sisi.

Ukamuuliza sheikh wa msikitini, akakwambia fuata saa za nyumbani. Ukanambia, "Nitapiga simu, Mama. Wewe utanambia."

Na kweli ukipiga. Simu iko ukumbini, redio iko jikoni, mimi nimesimama mlangoni waya umenyooka, na katlesi zinaungua. Sauti yako inakuja, inapotea. Adhana ikianza tu redioni, napiga ukelele: "Kula, mwanangu, jua limekuchwa!" Siku moja ukauliza, "Umeliona?" Nilione wapi? Birmingham hii, tangu Jumatatu mawingu matupu! Tukacheka na tende zetu mdomoni, wewe kwako kweupe pe, mimi kwangu kiza.

Uliporudi, ulivua saa yako uoshe vyombo. Nikaitazama, iko sawasawa na ya ukutani. "Umesharekebisha?" Ukanijibu kwa Kiingereza, kama kawaida yako, kwamba hukuigusa tangu uondoke. Muda wote ule ulikuwa na saa ya Birmingham mkononi.

"Ala! Sasa simu zote zile za nini?"

Ukaendelea kusugua sufuria. Kisha ukasema, safari hii kwa Kiswahili: "Nilitaka unambie wewe."

Mimi nikajifanya natafuta kitambaa. Nakwambia leo: nilifurahi, mwanangu, nilifurahi mno. Ndiyo maana ulipoondoka tena sikununa. Soksi nilikufungia mwenyewe, na tende nikazishindilia kila pembe ya begi. Msikitini nawahadithia wenzangu habari za hewa yako ya kale mpaka wakiniona tu wanakumbuka wana safari zao.

Vaa kofia. Usijitie ushujaa mbele ya wenzako.

Na simu nimeihamishia jikoni, pembeni ya redio, katlesi zisiungue tena. Saa unayo, najua. We piga tu, nikwambie.

Mama yako