Laini Isikatwe Kabla Hujapiga

El Progreso, Jumanne

Selvin wangu,

Sasa hivi Dariela, binti yetu, kaokota ndala yako, kaiweka sikioni kama simu, akasema, "Baba, njoo ule tortila." Nimecheka mpaka machozi. Barua hii anaibeba binamu yako Nolvia; atakuulizia kwenye nyumba ya wahamiaji huko Tapachula.

Mama yako hajambo, ila hatuelewani. Tangu wezi walionyang'anya simu yako waikute namba yangu humo, wanapiga kila siku, wanadai wamekushika, eti tulipe. Jana mama alianguka jikoni kwa hofu. Sasa anataka tuvunje mkataba wa simu, laini ife kabisa. "Simu hiyo itaniua kabla mwanangu hajarudi," anasema. Nikamjibu, "Mama, hana namba nyingine ya kutupata." Maana niliishona mwenyewe ndani ya pindo la suruali yako, kama tunavyowashonea wote wanaokwenda kaskazini. Tukiuvunja mkataba, kampuni itampa mtu mwingine namba hiyo, nawe utapiga upokelewe na mgeni.

Asubuhi amewapigia kampuni. Wamesema mkataba ni wa jina langu, kwa hiyo wanataka wasikie sauti yangu, niseme ndiyo. Yuko uani anasubiri wapige tena. Nampenda, Selvin, na hofu yake naielewa. Lakini moyo wangu unaniambia u mzima, na utapiga.

Ananiita: "Nohelia! Njoo upesi, mwanangu, wanakutaka wewe!" Nakwenda, mpenzi. Nikishika simu tu nitawaambia hapana, laini ibaki.