Galaksi Zangu Zilipokataa

Mjukuu wangu Nekesa,

Sisi hapa Eldoret tuko wazima. Babu yako amemaliza kuvuna mahindi na anachosha majirani kwa kuyasifu. Mama yako alipita Jumapili, tukakutaja sana.

Unasema matokeo yako yamekataa, na unauliza kama mimi niliwahi kutaka kuacha hii kazi ya nyota. Niliwahi. Nilikuwa ng'ambo kama wewe, nikisomea PhD. Nilitunga programu ya kompyuta kuonyesha jinsi galaksi zinavyozaliwa, gesi ikijikusanya na kuwa nyota. Zangu zilitoka na nyota nyingi kupita zile tunazoziona angani. Nilirudia hesabu, jibu likawa lile lile. Siku ya kueleza kazi yangu ilipokaribia, nilimwambia profesa wangu kwamba narudi nyumbani.

Alitazama michoro, kisha akauliza, "Hesabu ni sahihi?"

"Ni sahihi. Ila galaksi kama hizi hakuna."

"Basi usizifiche. Waonyeshe, tuulize pamoja ni nini kinazuia hizo nyota."

Nilisimama mbele ya walimu nikawaonyesha michoro yote. Hakuna aliyecheka. Walibishana mpaka chai ikapoa, wakasahau kama nipo. Mmoja akataja nyota zinazolipuka na kusukuma gesi nje. Nikaziingiza katika programu, na galaksi zangu zikaanza kufanana na za kweli. Swali hilo limenilisha miaka yote, na bado halijaisha.

Wapelekee yako yalivyo, mama. Ukitoka nipigie simu, nataka kujua walibishania nini.

Nyanya yako