Besi ya Papa Bisimwa

Josué, mwalimu wetu wa kwaya Bisimwa hana piano. Hana filamu hata moja. Ana kwaya tu, na leo nusura imkimbie!

Mpolandi mmoja wa Houston, Bwana Wrzos, mtunzi wa muziki wa filamu na televisheni, amekuja kanisani kwetu hapa Vickery Meadow kuomba kwaya imwimbie wimbo wa filamu yake mpya. Akasimulia alivyoanza na kinanda cha kanisa kijijini kwao, na sasa ana filamu arobaini. Akina mama wakapiga vigelegele. Vigelegele, Josué! Bisimwa hajawahi kupigiwa hata kimoja.

Wimbo wake ulipochezwa, Bisimwa akainuka. "Hauna besi, ile sauti nzito ya chini! Ni nyumba bila msingi!"

Mkewe Bibiche akamjibu mbele ya watu: "Papa, hapo ni wivu unaoimba." Kanisa zima likacheka.

Mpolandi hakucheka. Kethia, mkalimani wetu, akatafsiri maneno yake: "Anasema, basi uandikie wewe hiyo besi." Uandikie! Bisimwa akakaa.

Nimetoka kwa Bisimwa sasa hivi. Ameiandika besi yake, na ni nzuri hadi mimi nimeona wivu. Juu ya karatasi ameweka jina lake kwa herufi kubwa, la Mpolandi chini, dogo kama sisimizi. Akalamba bahasha, akaigandamiza kwa ngumi, tukaipeleka posta iende Houston.