Baba Anataka Kupigana Nawe

Nyumbani kwa Baba,
Jumapili alasiri.

Mpendwa mdogo wangu Tindo,

Hujambo huko uliko? Na mkeo, kifua chake kimepoa? Sisi tunaendelea, ila mimi nimechoka, mdogo wangu. Uchovu wa kulala nao na kuamka nao. Nashinda kwenye cherehani nikishona mashuka ya hospitali, kisha narudi kumwogesha Baba.

Tangu apatwe na kiharusi, mkono ule uliojenga nusu ya nyumba za mtaa huu ulilala tu pajani kama si wake. Mtaalamu wa mazoezi alimpa mpira wa kuminya. Akautupa uvunguni, akasema yeye si mtoto wa chekechea. Baada ya hapo akawa hasemi na mtu, anatazama ukuta tu. Niliingiwa na hofu.

Kilichomwinua ni gemu lako la zamani, lile la falme, la kukata miti, kuchimba dhahabu na kujenga ngome. Niliwasha kompyuta yako nione kama bado nzima, nikalifungua. Baba akaona wale wajenzi wadogo wakipandisha ukuta, akanung'unika kwamba wameacha mwanya kwenye kona. Nikamwekea kipanya kiganjani.

"Basi zibe mwenyewe," nikamwambia.

Tangu hapo, kumtoa pale ndiyo kazi. Vidole vinatetemeka, lakini vinabonyeza. Juzi alifunga kifungo cha shati bila msaada. Nilikwenda jikoni nikalia.

Jirani yetu fundi wa kompyuta alimletea gemu jipya, picha zinang'aa, hadi farasi wanatoka jasho. Baba alilijaribu, akamrudishia. Alisema hilo linamshika mkono kama mgeni. La zamani linamwacha akosee mwenyewe, kesho arudi kivingine. Fundi akacheka, akakiri kwamba hata yeye akifunga duka hulicheza hilo hilo la zamani.

Usidhani ni raha tupu. Akishindwa hataki kula, na wa kumbembeleza ni mimi.

Jana alishinda. Nikampongeza, akakisukuma kipanya kando.

"Kompyuta haina hasira," akasema. "Mwambie Tindo aje anipige yeye."

Fundi anasema mnaweza kucheza pamoja kwa mtandao, wewe huko, yeye hapa. Sikuombi kitu kingine. Tenga Jumapili, na usimwonee huruma, atajua. Nyinyi mkipigana, mimi nitalala.

Wasalimie mkeo na shangazi aliye huko kwenu. Mungu awafunike kwa amani.

Ni mimi dada yako, nikupendaye hata nikichoka.